Kuvuka, kurudi au kukaa mlangoni: njia tatu za nyuklia za Pakistan, Afrika Kusini na Iran

Tangu vita vya siku 12 vya Juni 2025, hoja moja haikosekani panapozungumzwa usalama wa Mashariki ya Kati: kama Iran ingekuwa na bomu, nani angethubutu kuipiga? Anayesema hivyo ana mfano wa Pakistan, yenye bomu, mfukoni. Anayempinga huleta Afrika Kusini, iliyotengeneza mabomu yake yenyewe, ikayabomoa, na bado ikabaki dola kubwa kuliko majirani zake wote. Kisha anatokea mtu wa tatu na kuitupa katikati Libya, ambayo Gaddafi wake aliachia mpango wa nyuklia na baadaye akauawa, na mjadala unaharibika.

Nimeziweka Pakistan, Afrika Kusini na Iran pamoja ili msomaji aamue mwenyewe ni njia ipi ingefaa dola ya kikanda inayojiona haina usalama. Korea Kaskazini nimeiacha kwa makusudi, maana nje ya bomu lake haina ushawishi wa kikanda wa kupima. Israel nayo nimeiacha, kwa kuwa imeegemea mgongo wa Marekani kiasi ambacho hakuna mwingine anayeweza kukiiga.

Zote tatu zilianzia mstari mmoja, na mchora mstari alikuwa Marekani. Chini ya mpango wa Rais Eisenhower wa atomu kwa ajili ya amani, Washington iliipa Afrika Kusini kinu cha utafiti cha Safari-1 pale Pelindaba mwaka 1965, Pakistan ikapata chake mwaka huohuo karibu na Rawalpindi, na Iran ya Shah ikapata cha Tehran mwaka 1967. Miaka 60 baadaye mmoja ana vichwa vya nyuklia vinavyokadiriwa kufikia 170, mwingine hana hata kimoja kwa hiari yake, na wa tatu ameangushiwa mabomu yenye uzito wa zaidi ya tani 13 kila moja.

Tishio: nani alikuwa anaogopwa?

Hapa ndipo pa kuanzia, na ndipo wengi wanaporuka.

Pakistan ilijua jina la adui wake na umbali wake kwa kilomita. Tarehe 16 Desemba 1971 jeshi lake lilisalimu amri mjini Dhaka, askari na raia takriban 93,000 wakachukuliwa mateka, na nusu ya nchi ikaondoka ikawa Bangladesh. Mwezi uliofuata Zulfikar Ali Bhutto aliwakusanya wanasayansi mjini Multan na kuwaambia anataka bomu. India ilipolipua la kwake kule Pokhran Mei 1974, hata waliokuwa na shaka walinyamaza. Hapa tishio na dawa vililingana: jirani mkubwa zaidi, mwenye jeshi kubwa zaidi, mwenye bomu, mpaka ukiwa wa nchi kavu.

Kwa Afrika Kusini ya makaburu hesabu haikukaa sawa hata siku moja. Waliogopa wanajeshi wa Cuba walioingia Angola mwaka 1975 wakiwa na silaha za Kisovieti, na waliogopa kuachwa peke yao. Lakini hatari iliyokuwa ikila utawala wao ilikuwa ndani. Bomu lingelipuliwa wapi? Soweto? Lisingefaa kitu dhidi ya migomo ya viwandani wala dhidi ya vijana wa ANC waliokuwa wakisoma Mazimbu kule Morogoro. Wakuu wa Pretoria wenyewe walilijua hilo, ndiyo maana mkakati wao ulikuwa wa ajabu kidogo. Kwanza, wasikiri wala wasikane. Pili, hali ikichafuka, wazinong'oneze serikali za Magharibi kwamba mabomu yapo. Tatu, zikikataa kusaidia, wayaonyeshe hadharani kwa jaribio. Yaani silaha ilitengenezwa kwa ajili ya masikio ya Washington zaidi ya kichwa cha adui.

Iran iko kati ya hao wawili. Saddam Hussein aliivamia Septemba 1980, akaipiga kwa gesi za sumu. Mji wa Sardasht ulimwagiwa gesi ya haradali Juni 1987, raia wakiwa majumbani mwao, na dunia haikufanya la maana. Asiyeikumbuka Sardasht hawezi kuelewa kwa nini Tehran haiamini ahadi za mtu. Lakini Saddam aliondolewa mwaka 2003, tena na Marekani, na kuanzia hapo Iran ikabaki ikitazamana na Marekani yenyewe na Israel, maadui wenye nyuklia wasio na mpaka nayo. Ikajenga ulinzi wa miguu mitatu: makombora ya masafa marefu, washirika wenye silaha kuanzia Lebanon hadi Yemen, na urani iliyorutubishwa karibu na kiwango cha bomu bila kuvuka, yaani kukaa mlangoni.

Safari ya kwenda: kipindi kinachoua

Kumiliki bomu ni jambo moja, kulifikia ukiwa hai ni jingine. Kati ya siku unapogunduliwa unalitafuta na siku unapolipata kuna miaka ambayo kila adui ana sababu ya kukupiga na wewe huna la kumjibu.

Pakistan ilivuka kipindi hicho chini ya kivuli, na kivuli hicho hakikuwa werevu wake peke yake. Abdul Qadeer Khan alirudi nyumbani kutoka Uholanzi mwishoni mwa 1975 akiwa na ramani za mashine za kurutubisha urani, zile nguzo ndefu zinazozunguka kwa kasi kubwa kutenganisha gesi ya urani nyepesi na nzito. Kiwanda kikajengwa Kahuta, si mbali na Islamabad. Marekani iliona. Lakini Desemba 1979 majeshi ya Kisovieti yaliingia Afghanistan, na kila sanduku la silaha kwa mujahidina lilipaswa kupita Pakistan. Kuanzia 1985 sheria ya Marekani ilimtaka rais athibitishe kila mwaka kwamba Pakistan haina bomu, na kila mwaka uthibitisho ukatolewa. Wasovieti walipoondoka, uthibitisho nao ukakoma. Oktoba 1990 misaada ilikatwa, na ndege za F-16 ambazo Pakistan ilikuwa imekwisha kuzilipia zikaegeshwa jangwani Arizona. Kufikia hapo Islamabad ilikuwa imeshapata ilichokuwa ikikitaka.

Afrika Kusini ilifichuliwa Agosti 1977, satelaiti ya Kisovieti ilipoona maandalizi ya jaribio katika jangwa la Kalahari. Moscow ikaiambia Washington, Washington ikaibana Pretoria, jaribio likafutwa. Kazi ya kutengeneza ikaendelea. Vikwazo vya silaha vya Umoja wa Mataifa vilikuja Novemba mwaka huo, lakini nchi ilikuwa imekwisha kutengwa kwa sababu ya ubaguzi wa rangi, hivyo bomu halikuiongezea adhabu kubwa. Mtu aliyekwisha kulowa haogopi mvua.

Iran haikuwa na kivuli cha aina yoyote. Kiwanda cha Natanz kilifichuliwa Agosti 2002, na Fordow, kilichochimbwa ndani ya mlima karibu na Qom, kikatangazwa hadharani na Obama, Sarkozy na Brown Septemba 2009. Kikaja kirusi cha kompyuta cha Stuxnet kilichoharibu mashine za Natanz, wakaja wauaji wa wanasayansi. Mohsen Fakhrizadeh, aliyetajwa kuwa baba wa mpango huo, aliuawa barabarani Novemba 2020. Katikati ya hayo kulikuwa na mlango wa kutokea: makubaliano ya Julai 2015. Iran ilikubali kurutubisha urani kwa asilimia 3.67 tu na kubaki na akiba ya kilo 300. Wakaguzi wa Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki, IAEA, walithibitisha mara kwa mara kwamba inatimiza. Mei 2018 Donald Trump akaitoa Marekani nje.

Jibu la Tehran ndilo ninaloliona kuwa kosa lake kubwa la kimkakati, ingawa nakubali lilikuwa na mantiki ya mnadani. Ilipandisha kiwango hatua kwa hatua hadi asilimia 60 mnamo Aprili 2021, ikidhani kila asilimia inapandisha bei yake mezani. Hadi Israel inaanza kuipiga tarehe 13 Juni 2025, IAEA ilikadiria Iran ina kilo 440.9 za urani ya asilimia 60, akiba ambayo ikirutubishwa hadi asilimia 90 inaweza kutosha mabomu kama kumi. Hakuna kinu cha umeme kinachohitaji urani ya namna hiyo. Wakati huohuo mguu wa washirika ulikuwa umevunjika: Hassan Nasrallah wa Hezbollah aliuawa Septemba 2024, na Bashar al-Assad akakimbia Damascus Desemba mwaka huo. Iran ilikuwa imekalia kuti kavu, na waliokuwa chini yake walikuwa na shoka. Usiku wa kuamkia Juni 22 ndege saba za B-2 za Marekani ziliangusha mabomu 14 ya kupenya ardhini, 12 kati yake yakielekezwa Fordow. Septemba vikwazo vya Umoja wa Mataifa vilirejeshwa.

Kwa hiyo kukaa mlangoni kuliipa Iran adhabu zote za mwenye bomu pamoja na unyonge wote wa asiye nalo. Haina maana kwamba mlango haukaliki kamwe. Japan ina zaidi ya tani 40 za plutoniamu, malighafi nyingine ya bomu, na viwanda vya kila namna, na hakuna anayepanga kuilipua. Lakini Japan iko chini ya mwavuli wa nyuklia wa Marekani, milango yake iko wazi kwa wakaguzi, na hakuna kiongozi wake anayetangaza kwamba kuna nchi itakayofutwa.

Bomu likishapatikana, linafanya nini?

Pakistan ndiyo pekee kati ya hizi tatu inayoweza kujibu. Tarehe 28 Mei 1998, wiki mbili na ushei baada ya majaribio ya India, milima ya Chagai katika Balochistan ilitikiswa na majaribio ya Pakistan yenyewe. Watu walicheza barabarani, mlima wa bandia wa Chagai ukasimamishwa kwenye makutano ya Faizabad karibu na Islamabad. Siku ileile serikali ilitangaza hali ya hatari na kufunga akaunti za fedha za kigeni, kwa kuogopa dola zisikimbie. Mwenye akiba yake ya dola benki alisherehekea huku hawezi kuitoa.

Tangu hapo India haijaingiza vifaru Lahore, na hilo si dogo. Baada ya bunge lake kushambuliwa Desemba 2001 ilijaza mpaka askari kwa miezi kadhaa kisha ikawarudisha. Baada ya mashambulizi ya Mumbai Novemba 2008 ilimeza hasira. Pakistan ikaongeza makombora ya masafa mafupi aina ya Nasr, yanayofika kama kilomita 60, ili India isidhani inaweza kupigana vita vidogo bila kugusa nyuklia. Wala haijaahidi kutoanza kutumia nyuklia.

Lakini bomu ni dari ya vita, si ukuta wa kuvizuia. Februari 2019 ndege za India zilipiga Balakot, ndani ya Pakistan. Mei 2025, baada ya watalii kuuawa Pahalgam katika Kashmir ya India, India ilirusha makombora ndani ya Punjab ya Pakistan yenyewe na kuipiga hadi kambi ya anga ya Nur Khan pale Rawalpindi, mji uliko makao makuu ya jeshi. Marekani iliingia Abbottabad kwa helikopta usiku wa Mei 2011, ikamuua Osama bin Laden na kutoka. Na mfano ninaoupenda zaidi, kwa sababu unawaunganisha wahusika wetu wawili: Januari 2024 Iran, isiyo na bomu, iliipiga Pakistan, yenye bomu, kwa makombora ndani ya Balochistan. Pakistan ikajibu siku mbili baadaye kwa ndege na silaha za kawaida, mawaziri wakapigiana simu, yakaisha. Vichwa 170 havikuingia hata kwenye mazungumzo.

Na kuna hatari ambazo bomu halizioni kabisa. Desemba 2014 Taliban wa Pakistan waliua zaidi ya watoto 130 katika shule ya jeshi mjini Peshawar. Deni ndilo jingine: mwaka 2024 nchi ilirudi tena kwa Shirika la Fedha la Kimataifa, IMF, kuchukua mkopo wa dola bilioni 7. Mwenye kutaka ushahidi wa Wapakistani wenyewe asome Sera ya Usalama wa Taifa iliyozinduliwa Januari 2022, ya kwanza nchi hiyo kuitoa kwa umma. Iliuweka uchumi katikati ya usalama. Ilichukua karibu miaka 24 tangu Chagai kuliandika hilo kwenye karatasi ya serikali.

Gharama ya kutengeneza si kikwazo kikubwa kama watu wanavyodhani. De Klerk alisema mabomu ya Afrika Kusini yaligharimu chini ya randi bilioni moja. Kinachofilisi ni vikwazo, na kulinda ulichonacho milele. Pia ujuzi huvuja: A.Q. Khan aliuza mitambo Libya, Iran na Korea Kaskazini, akakiri kwenye televisheni Februari 2004, akasamehewa siku iliyofuata.

Kurudi

Afrika Kusini ilikuwa na mabomu sita kamili na la saba likiwa njiani. Yalikuwa ya muundo ule rahisi uliotumika Hiroshima, kipande kimoja cha urani kikifyatuliwa ndani ya kingine kama risasi ndani ya mtutu. (Urani ya Hiroshima, kwa sehemu kubwa, ilichimbwa Shinkolobwe kule Katanga, Afrika imo kwenye historia hii tangu ukurasa wa kwanza.) Kila bomu lilihifadhiwa likiwa nusu mbili, kila nusu katika chumba chake cha chuma, ili asipatikane mtu mmoja wa kuliunganisha peke yake.

F.W. de Klerk aliingia madarakani 1989 na mapema 1990 akaamuru yabomolewe. Sababu yake ya hadharani ni ya kweli: mkataba wa Desemba 1988 uliwatoa Wacuba Angola, Namibia ikawa huru Machi 1990, Umoja wa Kisovieti ukawa unaporomoka. Tishio liliondoka, na liliondolewa na siasa. Sababu isiyosemwa kwa sauti ni kwamba serikali ya weupe haikutaka kuiachia ANC mabomu. Naziamini zote mbili. Nchi ilijiunga na NPT, mkataba wa kuzuia kuenea kwa silaha za nyuklia, Julai 1991, na Machi 1993 tu ndipo de Klerk alipolieleza Bunge kwamba mabomu yalikuwepo na hayapo tena. Nyaraka zilichanwa. Mashimo ya majaribio ya Kalahari yalijazwa zege wakaguzi wa IAEA wakiangalia.

Ilipata nini? Sauti. Mwaka 1995, nchi zilipokutana kuamua hatima ya NPT, Afrika Kusini ya Mandela ilikuwa mpatanishi aliyesikilizwa na pande zote. Mkataba wa Pelindaba, uliosainiwa Cairo Aprili 1996, ukaifanya Afrika nzima kuwa eneo lisilo na silaha za nyuklia. Tanzania na Kenya zimo. Kinu kilekile cha Safari-1 leo kinatengeneza dawa za mionzi za hospitali. Lakini kurudi hakukuwa safi kabisa: urani ya mabomu yale haikuondoka nchini, na Novemba 2007 watu wenye silaha waliingia Pelindaba na kumpiga risasi mfanyakazi kabla ya kutoroka.

Sasa hiyo Libya. Gaddafi aliachia mpango wake Desemba 2003, na mwaka 2011 akauawa. Kisa kinatisha, lakini alichoachia kilikuwa mitambo ambayo kwa sehemu kubwa ilikuwa bado masandukuni. Hakuwa na bomu wala karibu ya bomu. Ukraine nayo ilirithi vichwa ambavyo mitambo ya kuvifyatua ilikuwa mikononi mwa Moscow, ikavitoa kwa ahadi za usalama zilizotolewa Budapest Desemba 1994. Wote wawili waliachia huku mwenye kuwatisha akiwa bado yupo na nguvu zake zote. Hilo ndilo linalowatenganisha na Pretoria.

Nani achukue ipi?

Njia ya Pakistan inamfaa mwenye masharti manne kwa pamoja: adui mmoja aliye jirani, adui huyo awe na nyuklia au jeshi lisilolingana na lako, mkubwa mmoja wa dunia awe anakuhitaji kuliko anavyoliogopa bomu lako, na uwe nje ya NPT tangu mwanzo. Iran ilikuwa na sharti la pili tu. Leo, kwa satelaiti na ujasusi uliopo, sioni dola nyingine ya kikanda inayoyatimiza yote.

Njia ya Afrika Kusini inamfaa ambaye tishio lake linaweza kumalizwa mezani, na kwanza limalizwe, silaha zifuate. Anayemtaka jirani abomoe kwanza halafu wazungumze usalama anamwomba awe Gaddafi.

Mlango usikaliwe na yeyote asiye na mlinzi.

Imejitokeza na njia ya nne, ya kuazima ulinzi wa mwenye bomu. Septemba 17, 2025, siku nane baada ya Israel kuipiga Doha, Saudi Arabia na Pakistan zilisaini mkataba wa kulindana. Mwanamfalme wa Saudia, Mohammed bin Salman, alisema mwaka 2018 kwamba Iran ikipata bomu, Saudia nayo italitafuta haraka, na Riyadh imekuwa ikidai haki ya kurutubisha urani katika ardhi yake ndani ya makubaliano yoyote ya nyuklia na Marekani. Jirani yake, Umoja wa Falme za Kiarabu, aliikana haki hiyo kwa maandishi mwaka 2009, na vinu vyake vinne vya Barakah vimejengwa kwa ajili ya umeme. Anayetaka kujua Saudia inaelekea wapi asihangaike na hotuba. Aangalie kama kipengele hicho cha urutubishaji kitaingia kwenye mkataba, na wakaguzi watapewa ruhusa ya kufika wapi.